Mutoto Aletwe Mbele ya Juji

Lubumbashi, Congo, mutaa wa Kenya
Tarehe 17 mwezi wa tisa 2023

Kwa Brigitte, mutoto wangu mwenye kubeba jina la mama yangu,

Amani ya Bwana ikukute pale penye uko, hata kama sijui vizuri ni wapi. Mie niko mu nyumba, nakula, nalala. Masikio tu ndiyo yameniacha karibu kabisa. Miaka yote ile ku treni, injini ilinipigia kelele, na sasa yote imenyamaza. Juzi ulipopiga simu, Michée wa jirani aliniwekea ile simu ku sikio. Nikawa najibu "Ndiyo, ndiyo, muzuri," mpaka nikaona uso wake unabadilika. Kumbe wewe ulikuwa unalia. Andika, mama. Karatasi bado naisikia. Mama Exaucée mwenye kuuza samaki wa kukauka anavuka mupaka kila mara, atakuwa anatubebea.

Brigitte, ulienda bila kuniaga. Nilikuja Bel-Air kukutembelea, nikakuta mulango umefungwa. Mwenye lupango, ule uwanja wa nyumba, ndiye alinieleza: kwamba Elisée alifika ku masomo, ile shule ya mujukuu wangu Syntiche, muchana, mwalimu akamupa mutoto kwa sababu ni baba yake, bakapanda gari, bakavuka mupaka wa Kasumbalesa kwenda Zambia. Na wewe ukafuata na sakoshi moja ya nguo.

Nitasema neno lenye halitakufurahisha. Rudi. Mumeachana, ni kweli, na sikukulaumu kwa ile. Lakini Elisée ni muzazi. Siku ya ndoa yenu nilisimama mbele ya bantu bote, nikapokea mahari kwa mikono miwili, nikasema: "Batoto benye watazaliwa ni ba kwenu." Kwetu sisi Baluba mutoto ni wa ukoo wa baba, unajua. Mama yako angekuwa hai angegombana na mie, kisha angefunga mizigo na kukufuata. Lakini ile sauti mie ndiye niliitoa. Siwezi kuirudisha mu kinywa.

Rudi nyumbani. Nitapika sombe, yale majani ya muhogo, vile naweza, utalia, na mie nitakaa karibu.

Ni mie baba yako,
Liévin


Ndola, Zambia
Tarehe 8 mwezi wa kumi 2023

Papa wangu,

Jambo yako Papa. Ile kikohozi ya asubuhi imepoa? Unavaa pulova ukiketi inje? Mie mwili hauumwi. Barua yako ilinikuta ku soko, penye nasuka nywele za bamama. Bibi mumoja Mubemba alinipa kiti mu salon yake na pa kulala nyuma ya salon.

Nilisoma ile neno "rudi" mara nyingi, Papa. Siwezi.

Elisée nilimupata. Anatengeneza matairi ya malori ku barabara ya kutokea muji. Nilisimama mbele yake, nikamuuliza:

"Syntiche iko wapi?"

"Iko kwa bantu bake."

"Na mie mama yake, mie ni nani?"

Akafuta mikono kwa kitambaa, pole pole, kama muntu mwenye hana haraka. "Wewe ni Muluba, Brigitte. Muulize baba yako. Kwenu mutoto ni wa nani?"

Papa, alitumia maneno yako. Na yeye ni Mulamba! Kwao mutoto ni wa upande wa mama, Mama Chola, mama yake mwenyewe, alikuwa anatuambia kila siku. Ile wakati alitaka kurithi jina la wajomba wake, alikuwa Mulamba. Leo anataka mutoto, amekuwa Muluba. Amevaa desturi yetu kama koti ya kuazima.

Nilikwenda penye analala. Nilizunguka ku masomo ya karibu. Nilionyesha foto kwa bantu ba kanisa. Hakuna mwenye amemuona Syntiche hata siku moja. Ile ndiyo inaniua. Angekuwa anapita mu barabara na baba yake, ningekaa ng'ambo nikamuangalia, labda moyo ungetulia kidogo.

Bibi wa salon amenipeleka kwa avoka mumoja, wakili, anaitwa Kapya, anasaidia bantu benye hawana uwezo. Mama yake alitoka Kipushi, kwetu Congo, kwa hiyo tunaelewana kwa Kiswahili. Anasema kuna njia ya tribinali, mbele ya juji. Anataka muntu wa jamaa aandike kwamba mie ndiye nilimulea Syntiche tangu kuzaliwa. Papa, utaandika?

Mutoto wako,
Brigitte


Lubumbashi
Tarehe 5 mwezi wa kumi na moja 2023

Brigitte,

Bwana akuchunge. Niko muzima.

Usiniombe kusimama mbele ya tribinali kinyume na neno langu. Bantu ba Elisée na mie tulikula mu sahani moja. Tribinali ni ya kutafuta mwizi, na baba hawezi kuiba mutoto wake. Ndivyo nilifundishwa, na nimezeeka sana kufundishwa ingine.

Sitaandika tena mambo ya Elisée. Nitaandika mambo ya mvua. Mvua imeanza. Bati ya upande wa jiko inavuja. Michée alipanda juu akaweka goudron, ile lami, na sasa inavuja pahali pengine.

Baba yako,
Liévin


Ndola
Tarehe 21 mwezi wa kwanza 2024

Papa,

Salamu nyingi za mwaka mupya. Nimeuliza habari yako kwa Mama Exaucée, akaniambia unatembea polepole lakini ku misa unafika. Nilishukuru. Noeli ilipita sikukuandikia. Nilikuwa na hasira na wewe, Papa, na muntu hawezi kuandika "jambo yako" na hasira mu mukono.

Sasa nakuandikia kwa sababu sina muntu mwingine.

Avoka Kapya aliandika ku tribinali kubwa ya hapa. Siku alinisomea ile karatasi, aliitaja kwa jina la kilatini, mambo ya padri, kisha akanieleza kwa Kiswahili: "Maana yake, mwenye kushika muntu alete mwili mbele ya juji." Nikamuuliza, "Maître, juu ya nini munasema mwili? Mutoto wangu amekufa, na wewe unanificha?" Nilianza kulia kilio mule mu ofisi. Alitoka nyuma ya meza, akanishika mabega. "Hapana, mama, hapana. Ni mwili wenye kupumua. Juji anataka kumuona kwa macho yake, basi." Ni desturi yao ya zamani: muntu akifichwa, hata kama mwenye kumuficha ni mufalme ao ni baba, juji anasema, mulete hapa, nimuone, kisha tutaongea nani iko na haki.

Juji aliandika: mutoto aletwe. Elisée akafika, shati imepigwa pasi, mikono mitupu. Akasema mutoto iko ku mugini kwa jamaa, mvua imekata barabara. Mugini gani? Akataja jina lenye hakuna muntu anajua. Juji ni bibi wa umri, anavaa miwani. Alimuangalia sana. Akamupa tarehe ingine, akamuambia akija tena bila mutoto atalala gerezani.

Kapya anasema Elisée anaweza kukubali gereza kuliko kusema. Mie namujua Elisée, na Kapya anasema kweli.

Papa, Mama Chola iko mu muji pamoja na wewe. Hakuna kitu Elisée anafanya bila mama yake kujua. Sikuombi kwenda ku tribinali. Nakuomba uvuke soko, umuulize mukwe wako swali moja. Hakuna muntu amemuona Syntiche tangu mwezi wa tisa.

Brigitte


Lubumbashi
Tarehe 11 mwezi wa pili 2024

Brigitte mama yangu,

Mungu akupe nguvu. Mie niko. Miguu inavimba kidogo, si kitu.

Barua yako niliisoma asubuhi, na chakula cha muchana kikanishinda. Nilisema mutoto ni wa ukoo wa baba, ndiyo. Sikusema mutoto afichwe. Sikusema mama yake aulize barabarani kama bantu wamemuona. Mule mu neno langu hakukuwa na ile. Niliona nimekaa nachunga mulango wa nyumba yenye bantu walishaiba vyote.

Nilivaa koti ya misa, nikaenda kwa Mama Chola. Tangu ndoa yenu iliharibika hatukuwa tunasalimiana. Nilimukuta mu lupango anachagua maharage. Akasimama, akasema, "Papa Brigitte, karibu," na mengine sikusikia. Nikamuonyesha masikio. Akaangalia bamama ba jirani benye walikuwa wanafua nguo, akanishika mukono, tukaingia ndani, akafunga mulango na dirisha. Akasema tena. Sikusikia. Akapaza sauti. Bado. Basi, mambo yao yote ya kufichwa alinipigia kelele ku sikio kama muntu mwenye kusimamisha treni. Michée, mwenye alinisindikiza na kungojea inje, aliniambia kisha kwamba bamama wote waliacha kufua.

"Unataka nini?"

"Nataka kujua Syntiche iko wapi."

"Elisée ni mutoto wangu!"

"Najua. Na Brigitte ni wangu."

Akakaa. Nikaona heri nimuulize bila kuzunguka: "Mama Chola, kwenu mutoto ni wa nani?"

Alivuta kiti karibu. Kisha akasogea ku sikio langu. "Kwetu mutoto ni wa tumbo. Mie nilizaa saba, wote ni ba ukoo wangu, na baba yao alikufa akijua vile."

"Basi Syntiche ni wa nani?"

Akalia, bila kufunika uso. "Iko Luanshya, karibu na Ndola, kwa Deborah, dada mukubwa wa Elisée. Nyumba ya kijani nyuma ya kanisa ya Katolika. Elisée aliniapisha nisiseme."

Nikamuambia, "Sema pole pole, bantu banasikia."

"Basikie," akasema. "Nimechoka kusikia peke yangu."

Deborah hakupata mutoto, Brigitte. Miaka yote hakupata. Mama Chola aliniomba nikuambie ile, na kwamba usiende kule kama muntu anaenda kukamata mwizi. Muambie avoka, avoka amuambie juji. Uende na karatasi.

Nilipotoka alinishika tena. "Elisée hatakanyaga tena mu hii nyumba." Yule mama alitupatia mutoto wetu kwa kupoteza wake.

Na karatasi yenye uliniomba, kwamba wewe ndiye ulimulea Syntiche, nimeiandika. Iko ndani ya hii barua. Niliweka sahihi mara mbili, kwa sababu ya kwanza haikusomeka.

Baba yako,
Liévin


Ndola
Tarehe 17 mwezi wa tatu 2024

Papa wangu mupenzi,

Jambo Papa, jambo sana. Miguu je? Usikae sana na miguu chini, weka juu ya kiti. Mie niko muzima, na nina habari yenye sijui nikupe na uso gani.

Syntiche aliletwa.

Tulikuwa tumekaa mu tribinali tangu asubuhi. Mulango ukafunguka, Deborah akaingia amemubeba mugongoni, mutoto mukubwa vile, miaka inaenda sita. Amekuwa murefu. Jino la mbele limetoka, Papa, na mie sikuwepo. Nilisimama. Kapya akanivuta nguo nikae.

Juji alimuita karibu, akatoa miwani, akaongea naye Kibemba kwa sauti ya nkambo, ya bibi kwa mujukuu. Akamuuliza amekula nini. Akamuuliza jina la paka wao. Kisha akamuuliza:

"Mama yako ni nani?"

Syntiche akaonyesha Deborah kwa kidole.

"Na huyu?"

Aliangalia viatu vyangu. Uso hakuangalia. "Huyu ni mama wa Lubumbashi mwenye alisema niende."

Ndivyo balimuambia, Papa. Kwamba mie ndiye nilichoka naye, nikamuita baba yake aje kumuchukua. Elisée aliinamisha kichwa. Deborah hakujua, niliona mu uso wake kwamba hakujua. Na yeye aliambiwa ile ile.

Juji akasema kazi ya ile karatasi imeisha: mutoto ameonekana, iko muzima. Nani atamulea, itaamuliwa na tribinali ya batoto, na itachukua wakati. Mpaka pale Syntiche akae na mie hapa Ndola. Deborah anaweza kumutembelea. Na hakuna muzazi mwenye atamuvusha mupaka. Mwenye atamuvusha amepoteza.

Nilipewa mutoto wangu. Deborah alimukalisha mu mikono yangu, akageuka haraka. Syntiche alipiga kelele toka mulango wa tribinali mpaka ku barabara, alinipiga ku kifua, alimuita Deborah mama kwa Kibemba, "Bamaayo! Bamaayo!" Bantu balisimama. Mwanaume mumoja alinifuata akaniuliza ule mutoto ni wa nani. Balidhani mie ndiye namuiba.

Sasa amelala. Hajala. Nimekaa namuangalia vile nilikuambia ningekaa ng'ambo ya barabara kumuangalia.

Asante kwa kuvuka soko, Papa.

Mutoto wako,
Brigitte


Lubumbashi
Tarehe 14 mwezi wa ine 2024

Brigitte mama yangu, na Syntiche mujukuu wangu,

Paska njema, hata kama imechelewa. Nilimuwashia Syntiche mushumaa ku kanisa.

Mie mugonjwa kidogo. Daktari anasema ni moyo, unafanya kazi ya kupandisha mulima mahali pa tambarare. Amenipa vidonge, nakunywa.

Nisikilize. Usimuambie mutoto kwamba baba yake alisema uongo. Akikomaa atajua mwenyewe, na siku ile hatahitaji muntu wa kumuonyesha. Sasa ana baba mumoja, usimuvunjie. Muambie tu: "Sikuchoka na wewe hata siku moja." Muambie kila siku, hata akikuangalia viatu.

Na Deborah, usimufukuze. Najua moyo wako unataka nini. Lakini yule bibi alimuosha mutoto wako, alimupikia, alimulaza, akijua ameachwa. Angekuwa muntu mubaya, leo ungekuwa unalia kilio kingine. Mupe kiti.

Vacances kubwa, likizo ya shule, zikifika, pengine juji atafungua mulango, mutakuja. Nimemuambia Michée anisaidie kupaka rangi chumba chenu. Alitaka rangi nyeupe. Nimekataa, batoto banachafua.

Baba na nkambo yenu,
Liévin


Ndola
Tarehe 16 mwezi wa sita 2024

Papa,

Mama Exaucée ameniambia yote. Amesema hauendi tena ku misa, padri ndiye anakuja. Amesema Mama Chola anakuletea uji. Kwa nini hukuandika? Unaniuliza habari za mutoto kupitia muuza samaki, na za kwako unaficha!

Hapa Mungu anasaidia. Syntiche anakula. Mwanzoni alikuwa anakula tu siku ya Yenga, Jumapili, wakati Deborah anakuja. Nilimukasirikia Deborah, ile vile alikuwa anamujua mutoto wangu kuliko mie. Yeye ndiye alinifundisha kwamba sasa hataki maharage yaguse bukari, ile ugali. Wiki moja nilimuuliza kama atabaki tule pamoja. Akabaki. Sasa anakuja kila Yenga, Syntiche anavaa robe yake, ile gauni nzuri, toka asubuhi na kukaa ku mulango.

Na wiki iliyopita, Papa, nilikuwa nafua, nikasikia nyuma yangu: "Mayi." Alikuwa na kiu, akasahau kuongea Kibemba, akasema kwa Kiswahili chetu, vile ulikuwa unamufundisha. Nikamupa mayi, sikufanya kitu. Nikangoja amalize kikombe ndiyo nikaenda nyuma ya salon kulia.

Nataka kuja. Kapya aliomba ruhusa, lakini tarehe ya juji iko mbali, na bila karatasi siwezi kumuvusha. Nimefikiri hivi: nimuache Syntiche kwa Deborah siku kidogo tu, nikuone, nirudi. Deborah amekubali. Ningoje wiki mbili, nipange mambo ya salon, kisha nipande bus.

Brigitte


Lubumbashi
Tarehe 30 mwezi wa sita 2024

Brigitte,

Usirudi.

Nimeandika hili neno kwanza kwa sababu sijui kama mukono utafika ku mwisho wa karatasi. Naandika kidogo, nalala, naandika tena. Michée anashika meza.

Ukimuacha mutoto kwa Deborah, Elisée atakuja. Deborah ni muntu muzuri, lakini hawezi kumufungia mudogo wake mulango. Ataingia, atamubeba, na safari hii hatamupeleka kwa muntu mwenye Mama Chola anajua. Na ukimuvusha bila karatasi, umevunja neno la juji, nao watamutoa mu mikono yako kwa haki. Niliwaza pande zote mbili. Sioni ya tatu.

Mwaka jana nilikuandikia urudi, umuache mutoto. Nilisema niliitoa sauti yangu na siwezi kuirudisha. Basi natoa ingine, mbele ya Michée, na Mama Chola iko hapa naye anasikia: Syntiche akae na mama yake. Ndilo neno langu. La kwanza nilisema nikiwa nimevaa suti. Hili nasema niko kitandani, lakini ndilo ninalolijua vizuri.

Utasikia bantu banasema, "Brigitte hakuja kumuzika baba yake." Watasema, hasa bantu ba kwetu. Waache. Mufu hahesabu benye wamekuja ku kilio. Mama Chola ameapa atakaa mbele, ku kiti cha bibi wa jamaa, na mwenye kuuliza atamujibu. Sauti yake unaijua.

Sisemi kwamba siumii. Kila motokari ikisimama ku barabara, nasikia ku kitanda vile ardhi inatetemeka, na nageuka kuangalia mulango. Kisha nakumbuka kwamba mie ndiye nilikukataza, nafurahi hukuja.

Mulishe mutoto.

Baba yako,
Liévin


Lubumbashi, mu nyumba yako
Tarehe 24 mwezi wa kumi na moja 2024

Papa,

Jambo yako. Sijui niulize nini kisha hapo, mukono umezoea kuuliza miguu.

Ni Yenga leo. Nimekaa ku meza yako. Sina pa kuituma hii barua, lakini yako ya mwisho haikupata jibu, na wewe ulinilea kwamba barua inajibiwa.

Barua yako na simu ya Michée zilifika siku moja. Mama Exaucée alikuwa bado amesimama mbele yangu na samaki ku kichwa. Nilisoma "Usirudi," kisha simu ikalia. Niliketi chini palepale mu salon. Syntiche alitoka nyuma, akaniangalia uso. Uso, Papa. Ilikuwa mara ya kwanza.

"Nani amekufa?" akauliza.

"Papa yangu. Nkambo yako."

Akawaza. "Twende kwa juji," akasema. "Amuambie balete."

Nikamuambia kwamba kule juji hana nguvu. Akauliza tena, kwa hasira, juu ya nini hana, na mie sikujua kumujibu. Akakaa karibu yangu mpaka bamama bakaja kuninyanyua.

Sikuja, vile ulisema. Siku ya maziko nilisuka nywele toka asubuhi mpaka magaribi. Nilitaka mikono ifanye kitu. Jamaa zetu ba Kamina walisema yenye ulisema watasema. Mama Chola aliwajibu. Michée aliniambia hata bantu ba avenue ya pili walisikia.

Tribinali ya batoto ilimaliza mwezi uliopita. Syntiche akae na mie, hata ku Lubumbashi, na vacances kubwa aende kwa baba yake. Nilidhani nitafurahi. Elisée alikuwa amesimama ku koridoo, amepungua mwili. Akaniambia, "Niliogopa utaolewa, ataita muntu mwingine baba." Yote ile, Papa, ilikuwa ile tu. Nikamuambia, "Ungeniuliza." Akasema, "Najua." Nikamuambia aende kumuona mama yake. Hajaenda bado.

Tulirudi kwetu kukaa, tukavuka Kasumbalesa na karatasi. Polisi aliisoma yote, akamuuliza Syntiche mie ni nani. Akasema, "Mama." Hakusema mama wa wapi.

Tumelala mu chumba chenye ulipaka rangi. Ni ya bluu kama mabehewa ya zamani. Syntiche alisimama mbele ya foto yako ku ukuta, akauliza huyu ni nani. Alikusahau sura. Nilimueleza, akasikiliza vizuri, lakini niliona anasikiliza kama habari ya muntu wa mbali. Nitamueleza tena. Jana Mama Chola alitupeleka ku makaburi. Tuling'oa majani, tukapanga mawe, na Syntiche akachagua ya kuweka ku kichwa cha kaburi.

Leo asubuhi niliamuka nikakuta kitanda chake kitupu. Nilitoka mbio inje. Alikuwa amekaa ku mulango wa lupango, amevaa robe yake, nywele amejaribu kuchana mwenyewe. Nikamuuliza anafanya nini.

"Ni Yenga," akasema. "Deborah anakuja."

Nikachuchumaa. Nikamueleza kwamba sasa tuko Lubumbashi, kwamba Luanshya iko mbali, kwamba kuna mupaka, kwamba tutamuona vacances. Alinisikiliza mpaka mwisho. Hakulia. Akavuta robe ikafunika magoti, akageukia barabara.

"Nitamungojea kidogo," akasema.

Nilileta kiti, Papa, nikakaa naye. Saa zote za asubuhi. Sasa nimeingia kuandika hii, na kwa dirisha namuona angali pale. Nitamalizia hapa ili nirudi kukaa.

Mutoto wako,
Brigitte